Jinai, Dhara na Kifuta Machozi: Neno la Kale la Sheria Likitazamwa kutoka Delta ya Rufiji na Kibiti

Ikisiri

Makala hii inachunguza asili na maana ya neno jinai, ambalo katika fikihi lilitaja madhara yanayofikia mwili wa mtu, na ambalo katika Kiswahili cha leo linataja aina ya kesi. Hoja kuu ni kwamba neno hili lilipohama kutoka mwili wa aliyeumizwa kwenda kwenye mamlaka ya dola, Kiswahili cha sheria kilibaki bila jina moja madhubuti la dhara la mwili. Pengo hilo limejazwa na maneno yenye uzito tofauti: jeraha, madhara, hasara, na hatimaye kifuta machozi. Mifano inatoka delta ya Rufiji na Kibiti, ambako watu wameumizwa na kuuawa na binadamu na pia na wanyama. Makala inapendekeza kwamba wakati huu sheria za Tanzania zinapoandikwa kwa Kiswahili, umbo la umoja, dhara, lipewe nafasi ya istilahi.

1.0 Utangulizi

Kati ya Agosti 2002 na Aprili 2004, simba mmoja alihusishwa na vifo vya watu 35 katika vijiji vya Wilaya ya Rufiji, ambayo wakati huo ilijumuisha pia eneo la Wilaya ya Kibiti ya leo. Tukio hilo halikuwa la pekee. Packer na wenzake, katika jarida la Nature la mwaka 2005, walionesha kwamba tangu 1990 simba walikuwa wameua zaidi ya Watanzania 563 na kujeruhi zaidi ya 308. Mashambulizi yalizidi wakati wa mavuno, na wengi walioshambuliwa walikuwa wamelala mashambani wakilinda mazao yao dhidi ya nguruwe pori. Kati ya 2015 na 2017 jina la Kibiti lilisikika tena nchini kote, safari hii kwa mauaji yaliyotendwa na watu. Viongozi wa vijiji waliuawa, na Aprili 2017 askari polisi 8 waliuawa katika shambulio moja.

Mauaji ya watu yaliitwa jinai. Vifo vilivyoletwa na simba viliitwa madhara ya wanyama wakali, na kanuni zilizotungwa mwaka 2011 zikayapa malipo yake jina la kifuta machozi. Msomaji wa sheria ataona mgawanyo huo ni wa kawaida, kwa kuwa mnyama hana nia wala hashtakiwi. Lakini msomaji wa lugha ana haki ya kuuliza swali jingine. Kwa nini neno ambalo asili yake ni dhara la mwili limeacha kumtaja mwenye mwili? Na baada ya neno hilo kuhama, aliyeumizwa amebakiwa na jina gani la kilichomfika?

Swali hili si la makumbusho. Marekebisho ya Sheria ya Tafsiri ya Sheria yaliyofanywa kwa Sheria Na. 1 ya 2021 yameifanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria za Tanzania. Kwa hiyo kila neno la Kanuni ya Adhabu linahitaji kisawe chake cha Kiswahili, na kisawe hicho ndicho kitakachosomwa mahakamani. Uamuzi wa kuita kitu dhara, madhara, jeraha au jinai sasa ni uamuzi wa kisheria.

2.0 Umbo la neno: kutoka kuchuma hadi kutenda

Mzizi wa Kiarabu j-n-y una maana ya kuchuma, hasa kuchuma matunda mtini. Kitenzi chake jana, kikifuatwa na kihusishi ala, humaanisha kumtendea mtu uovu. Uhusiano wa maana hizo mbili si mgumu kwa Mswahili kuuelewa, kwa sababu lugha yetu nayo husema kwamba mtu huchuma dhambi kama anavyochuma mali, na huvuna alichopanda. Kitendo kinatazamwa kama tunda ambalo mtu amelichuma kwa mkono wake na hawezi kulirudisha mtini. Nomino inayotokana na mzizi huo ni jinaya.

Hapa pana tatizo la kifonolojia ambalo halijapewa uzito unaostahili. Nomino za Kiarabu za muundo huo huingia katika Kiswahili zikihifadhi silabi ya mwisho: riwaya, wilaya, himaya, hidaya, kinaya, hekaya. Kwa kanuni hiyo tungetarajia jinaya, lakini neno tulilonalo ni jinai. Silabi imeondoka mahali ambapo nomino za kundi lake haziipotezi.

Maelezo yanayokubaliana zaidi na umbo hili ni kwamba jinai haitokani moja kwa moja na nomino jinaya. Inatokana na kivumishi chake jinaii, yaani kinachohusu jinaya. Kivumishi hicho ndicho kinachotumika katika Kiarabu cha sheria za kisasa kutaja sheria ya makosa, mahakama ya makosa na mashtaka ya makosa. Tabia ya neno katika Kiswahili inaunga mkono maelezo haya. Kwa kawaida jinai hutokea baada ya kihusishi cha a-unganifu: kesi ya jinai, kosa la jinai, sheria ya jinai, upelelezi wa makosa ya jinai. Ni nadra mtu kusema kwamba fulani amefanyiwa jinai mkononi au kwamba jinai yake haijapona. Neno linafanya kazi ya kuainisha, kama kivumishi, hata pale linapohesabiwa kuwa nomino.

Ushahidi wa pili ni wa unyambulishaji. Jeraha lina kujeruhi, kujeruhiwa na kujeruhiana. Dhara lina kudhuru, kudhuriwa, kudhurika na kudhuriana. Jinai haina kitenzi cha aina hiyo, na hakuna Mswahili anayesema kwamba mtu amemjini mwenzake. Kitenzi pekee kinachoanza kusikika katika mijadala ya wanasheria ni kujinaisha, chenye maana ya kukifanya kitendo kuwa kosa la jinai. Kitenzi hicho hakisemi mtu amemfanyia nini mwenzake. Kinasema dola imekifanyia nini kitendo. Sarufi ya neno inatueleza tayari nani mwenye neno hilo leo.

3.0 Jinaya katika fikihi: hesabu ya mwili

Katika vitabu vya fikihi hali ni tofauti. Al-Jurjani, aliyefariki 1413, katika kitabu chake cha fasili anaieleza jinaya kuwa kitendo kilichokatazwa ambacho ndani yake mna dhara kwa nafsi ya mtu au kwa mwingine. Dhara, katika fasili hiyo, ndilo kiini. Katazo peke yake halitoshi kuifanya jinaya, kwa kuwa lazima pawe na kilichodhuriwa.

Wanafikihi wa madhehebu ya Shafi, ambayo ndiyo madhehebu ya Waislamu wengi wa pwani yetu, waliibana maana hiyo zaidi. Katika matini ya Abu Shujaa, inayosomeshwa sana katika duru za elimu za Afrika Mashariki, kitabu cha jinayat kinahusu kuua na kuumiza mwili. Makosa kama wizi na unywaji wa ulevi yana kitabu chake kingine, kitabu cha hududi. Imamu Nawawi, aliyefariki 1277, katika Minhaj aliipa sehemu hiyohiyo jina la jirah, yaani majeraha. Wafasiri wake walieleza kwamba jinayat ni neno pana zaidi, kwa sababu mtu huweza kuangamizwa kwa sumu bila kuwa na jeraha lolote. Kwa msomaji wa Kiswahili jambo hili lina mvuto wake. Kutoka mlango mmoja wa fikihi tumepata maneno mawili. La Nawawi limebaki mwilini, nasi tunaliita jeraha. La Abu Shujaa limepanda juu likawa jina la idara za polisi.

Mlango huo hasa ni hesabu ya mwili. Dia kamili ya mtu ni ngamia 100. Mkono mmoja ni nusu ya dia, na vivyo hivyo jicho moja. Kidole ni ngamia 10, jino ni ngamia 5, na jeraha la kichwa linalofunua mfupa ni ngamia 5. Kuua kumegawanywa katika kukusudia, kinachofanana na kukusudia, na kukosea. Palipo na kusudi, wenye damu ndio wanaochagua kati ya kisasi, dia na msamaha. Kadhi huhukumu, lakini haki ni yao.

Isidhaniwe kwamba mpangilio huo unatajwa hapa kwa ajili ya kuusifu. Dia ya mwanamke ilihesabiwa kuwa nusu ya dia ya mwanamume. Mtumwa alikadiriwa kwa bei yake sokoni, na malipo ya kuumizwa kwake yalikwenda kwa bwana wake. Katika pwani iliyojua utumwa, hilo halikuwa suala la kitabuni tu. Wala haidaiwi hapa kwamba kila jumbe wa Rufiji alihukumu kwa Minhaj. Jambo linalohusu makala hii ni la kimsamiati. Neno jinaya lilikuwa na mwili ndani yake, na msemaji aliyelitumia alilazimika kujua ni nani aliyeumizwa, ni kiungo gani, na ni nani mwenye haki ya kudai.

4.0 Kuhama kwa neno

Badiliko la maana halikuanzia Afrika Mashariki wala halikuletwa na wakoloni peke yao. Katika Kiarabu chenyewe jinaya lilikuwa na matumizi mapana ya kosa lolote zito, na sheria za kisasa za nchi za Kiarabu zimelifanya kuwa jina la daraja la juu la makosa. Kilichotokea kwetu ni kwamba maana finyu ilipoteza taasisi iliyoilinda.

Mfano wa Rufiji uko wazi. Chini ya Wajerumani, boma la Mohoro lilikuwa kituo cha utawala wa eneo hilo. Hapo ndipo Agosti 1905 Kinjikitile Ngwale alinyongwa kwa kosa la uhaini. Katika uhaini hakuna kiungo kilichokatwa wala mwenye damu anayedai. Aliyekosewa ni serikali. Baada ya vita Waingereza waliitumia katika Tanganyika Kanuni ya Adhabu ya India, na mwaka 1930 wakaweka Kanuni ya Adhabu ambayo, pamoja na marekebisho mengi, inatumika Tanzania Bara hadi leo. Ndani yake kuua na kujeruhi yamekaa pamoja na wizi, uchochezi na kughushi. Yote ni makosa dhidi ya mamlaka moja, na kesi zake leo huitwa Jamhuri dhidi ya fulani. Aliyeumizwa huingia mahakamani akiwa shahidi.

Makadhi na maliwali waliachiwa sehemu nyingine ya fikihi, ile ya ndoa, talaka, mirathi na wakfu. Maandishi ya Kiswahili ya fikihi yakafuata njia hiyohiyo. Sheikh Ali bin Hemedi al-Buhriy wa Tanga alitunga Mirathi na Nikahi, vitabu viwili vilivyosomwa na kutafsiriwa kwa sababu mahakama zilivihitaji. Mlango wa jinayat haukuwa na mahakama ya kuutumia. Matokeo yake katika msamiati yanaonekana mpaka leo: mirathi, eda, talaka, mahari na wakfu yamehifadhi maana zake za fikihi kwa ukaribu mkubwa, ilhali maneno ya mlango wa jinayat yametawanyika. Kisasi, lililokuwa kipimo cha usawa chenye mpaka, limekuwa jina la ulipizaji usio na mpaka. Dia limebaki kwa wachache. Jinai limekwenda polisi. Neno hudumu na maana yake pale ambapo pana watu wanaolitumia kufanya kazi ileile.

5.0 Dhara na madhara

Baada ya jinai kuhama, kazi ya kutaja kilichoufika mwili ilibebwa zaidi na neno madhara. Kanuni ya Adhabu inaeleza dhara kuwa maumivu ya mwili, ugonjwa au hitilafu, ya muda au ya kudumu, na inatenga daraja kubwa zaidi linalojumuisha kulemaza kiungo. Katika Kiswahili cha mahakama daraja hilo kwa kawaida huitwa madhara makubwa. Umbo la neno hili nalo linahitaji kuchunguzwa.

Maelezo mepesi ni kwamba dhara limetokana na neno la Kiarabu dharar, na madhara ni wingi wake. Fonolojia hairuhusu wepesi huo. Nomino za Kiarabu za muundo wa dharar zinapoingia katika Kiswahili huongezewa irabu mwishoni bila kupoteza konsonanti yake: safar imekuwa safari, khabar imekuwa habari, khatar imekuwa hatari, athar imekuwa athari. Dharar lingetupa dharari. Chanzo cha karibu zaidi ni madharra, nomino ya Kiarabu ya umoja yenye maana ya jambo linalodhuru, ambamo ma- ni sehemu ya muundo wa neno. Masikio ya Mswahili yaliisikia ma- hiyo kama kiambishi cha wingi. Ndivyo ilivyokuwa kwa maarifa na maslahi, ambayo katika Kiarabu ni umoja na katika Kiswahili huchukua upatanisho wa wingi, tofauti na mahakama, madrasa na maana, ambayo hayakubadilika. Wingi ukishapatikana, umoja huundwa kwa kurudi nyuma. Kama masuala yalivyotupa suala, ndivyo madhara yalivyotupa dhara.

Asili hii ina matokeo ya kimaana. Kwa kuwa madhara ndiyo yaliyotangulia, hutumika kama jina la mkusanyiko usiohesabiwa. Tunasema madhara ya sigara, madhara ya dawa, madhara ya ukame. Mafuriko ya Aprili 2024 yalipofunika mashamba na makazi Rufiji na Kibiti, vyombo vya habari viliripoti madhara ya mafuriko, huku wananchi wakijadiliana kuhusu maji yaliyofunguliwa katika Bwawa la Julius Nyerere. Usemi huo wa madhara ya mafuriko hauulizi ni nani aliyefanya nini wala hauhesabu kilichompata kila mmoja. Kitenzi kudhurika nacho kina tabia hiyo: mtu amedhurika, na sentensi imekamilika bila mtenda.

Kwa hiyo tuna maneno mawili yaliyokwenda pande mbili. Jinai lina mtenda na dola, lakini halina mwili. Madhara yana mwili, lakini hayana mtenda wala hesabu. Katika fasili ya al-Jurjani mambo hayo yalikuwa sentensi moja.

6.0 Dungu na kifuta machozi

Turudi shambani. Mkulima wa mpunga wa bonde na delta ya Rufiji, mahindi na mpunga vinapokaribia kukomaa, huhamia kwenye dungu. Dungu ni kibanda kilichoinuliwa juu ya nguzo, ambamo mlinzi na mara nyingi familia yake hulala ili kufukuza ndege mchana na nguruwe, kiboko na wanyama wengine usiku. Dungu ni nyumba ya kazi. Anayelala humo amekwenda kulinda chakula, na hapo ndipo simba amemkuta.

Fikihi ililijua tatizo la mnyama. Kuna hadithi mashuhuri inayoeleza kwamba jeraha la mnyama asiyesema halina dhamana, na neno linalotumika ni jubar, yaani lililopotea bila malipo. Lakini wanafikihi hawakuishia hapo. Aliye pamoja na mnyama, akimpanda au kumwongoza, hubeba dhamana ya anachoharibu. Na kwa mujibu wa hadithi nyingine, mifugo ikiharibu mashamba mchana, mlinzi wa shamba ndiye mwenye jukumu. Ikiharibu usiku, jukumu ni la mwenye mifugo, kwa sababu usiku ni wakati wa kuizuia. Mpaka wa dhamana uliwekwa kwa kuuliza mnyama yuko mikononi mwa nani, na saa ngapi.

Mnyamapori wa fikihi hakuwa na mwenyewe, kwa hiyo kuumiza kwake kulikuwa jubar. Mnyamapori wa Tanzania ana mwenyewe. Sheria ya Kuhifadhi Wanyamapori Na. 5 ya 2009 inawaweka wanyamapori wote kuwa mali ya umma iliyo chini ya Rais kama mdhamini. Mkulima haruhusiwi kumwinda atakavyo, na akimuua bila idhini, nje ya hali ya kujihami, ametenda kosa la jinai. Neno la kale limerudi shambani, lakini limekaa upande wa mnyama. Mtu akimdhuru mnyama kinyume cha sheria, hiyo ni jinai. Mnyama akimdhuru mtu, hayo ni madhara, na malipo yake ni kifuta machozi.

Muundo wa jina hilo unastahili kusomwa polepole. Kifuta machozi, kama kifungua kinywa, ni ki- ya kifaa, kitenzi na yambwa yake. Yambwa ni machozi. Kinachoshughulikiwa na neno ni huzuni ya aliyebaki, wala si mwili wa aliyeumizwa. Pacha wake, kifuta jasho, hutumika kwa mazao yaliyoharibiwa, na hapo yambwa ni jasho, yaani kazi, si zao. Majina yote mawili yameundwa kwa ustadi kutoka ndani ya lugha, nayo yana upole ambao hakuna anayeudharau. Mswahili huwapa kifuta jasho fundi na mpagazi kwa hiari yake. Lakini hiari ndiyo tatizo. Kisichodaiwa hakikataliki wala hakipimwi dhidi ya kilichopotea. Watunga sheria walilijua hilo. Sheria haikusema fidia, na kwa kuchagua maneno ya kufariji ilikwepa kukiri dhamana. Jubar limepewa jina la Kiswahili lenye huruma zaidi.

Haki inadai pia tuseme upande wa pili. Dola yenye eneo kubwa la hifadhi na bajeti ndogo ina sababu ya kuogopa dhamana isiyo na kikomo, na simba hawezi kuzuiwa kama ng'ombe wa jirani. Isitoshe, kifuta machozi ni kitu, na kabla yake familia nyingi hazikupata chochote. Hoja ya makala hii haidai kwamba malipo hayo yaitwe fidia kesho asubuhi. Inadai kwamba kilicholipiwa, kwa jina lolote la malipo, kitajwe. Mtu aliyepoteza mkono kwa mamba wa mto Rufiji amepata dhara. Machozi yalikuja baadaye.

7.0 Pingamizi na pendekezo

Pingamizi la kwanza litakuwa kwamba asili ya neno si maana yake, na kwamba mhakiki hana haki ya kulirudisha jinai kwenye fikihi baada ya lugha kuamua vingine. Pingamizi hilo ni sahihi, na ndiyo maana sipendekezi jinai lirudi. Jinai limeshaenea kama jina la aina ya kesi, linaeleweka kutoka Mbwera hadi Mwanza, na linapambanuka vizuri na madai. Historia ya neno haitupi amri. Inatuonesha kilichokuwa ndani ya neno kilipotoka, ili tujue cha kutafuta mahali pengine.

Pingamizi la pili ni kwamba sheria ya sasa haijamsahau aliyeumizwa, kwa kuwa mahakama ya jinai ina uwezo wa kuamuru mtiwa hatiani alipe fidia. Ni kweli. Lakini uwezo huo unahitaji kuwepo mtiwa hatiani, na unatokea mwishoni mwa kesi, baada ya adhabu. Jina la kilichompata mtu linahitajika tangu mwanzo: katika hati ya polisi, katika fomu ya daktari na katika ripoti ya ofisa wa kijiji, awe aliyedhuru ni mtu, mnyama au maji.

Pendekezo ni dogo. Katika sheria zinazoandikwa kwa Kiswahili, dhara, kwa umoja, litumike kama istilahi ya kila jambo moja linaloumiza mwili wa mtu au afya yake. Dhara kubwa litumike kwa daraja la juu, na kilema kwa kupotea kwa kiungo au uwezo wake. Madhara yabaki na kazi yake ya jumla ya kutaja athari mbaya. Umbo la umoja lina faida ambayo wingi hauna, kwani linahesabika. Linalazimisha maswali ambayo jinaya iliyauliza: dhara gani, katika kiungo gani, kwa nani. Tena ni umbo ambalo Waswahili wenyewe waliliunda kwa kurudi nyuma kutoka wingi, bila kuliazima popote.

8.0 Hitimisho

Makala hii imeonesha kwamba umbo la jinai linaelekea zaidi kwenye kivumishi cha sheria za kisasa kuliko kwenye nomino ya fikihi. Imeonesha kwamba maana ya mwili iliondoka pamoja na mahakama zilizoitumia, na kwamba dhara ni zao la Kiswahili kutoka kwa madhara, si mkopo wa moja kwa moja. Imeonesha pia kwamba kati ya maneno hayo mawili limebaki pengo ambalo katika delta ya Rufiji na Kibiti limezibwa kwa maneno ya kufariji. Wafasiri wa sheria watakapofika kwenye vifungu vya madhara ya mwili, wajue kwamba kuna watu waliolala madunguni ambao sheria ina jina la machozi yao na jina la jasho lao. Jina la dhara lao lipo pia katika lugha, nalo ni la silabi mbili tu. Linangoja kuandikwa.